Nyoka kumi ndani ya kichupa kimoja

Mjini Babati dawa ya kutibu sumu ya nyoka haiitwi kwa jina la kiwandani. Ni sindano ya nyoka, basi. Dereva wa bodaboda anayemkimbiza mgonjwa kutoka Galapo au Bonga akifika mapokezi huwa na swali moja: sindano ya nyoka ipo? Ndugu wa aliyegongwa na nyoka huuliza hivyohivyo kwa simu kabla ya kutoka nyumbani, wapate kujua kama waelekee hospitali ya Mrara, waende ya Dareda, au wajitayarishe kwa safari ndefu ya barabara ya Arusha.

Swali la pili halisikiki sana: ni ya nyoka gani? Dawa hii hutengenezwa kwa sumu ya nyoka wanaojulikana kwa majina, na ndani ya boksi lake kuna karatasi iliyokunjwa mara nyingi, yenye maandishi madogo, inayowataja mmoja mmoja. Wengi wetu huitupa karatasi hiyo pamoja na boksi. Mimi naiona kama kipande cha historia. Ukiisoma unajua nani alikamata nyoka, wapi, kwa fedha za nani, na alikuwa akimfikiria mgonjwa yupi. Mkulima wa mbaazi wa Babati hakuwamo katika fikra za yeyote kati yao, na hilo linamgharimu hadi leo.

Mwanzo wa yote ni Berlin, mwaka 1890, na nyoka hawakuwamo. Emil von Behring, Mjerumani, na Kitasato Shibasaburo, Mjapani, walikuwa katika maabara ya Robert Koch, yule Koch ambaye baadaye alifika Dar es Salaam kuchunguza magonjwa ya koloni. Walikuwa wakishughulika na pepopunda na dondakoo, magonjwa ambayo bakteria wake huua kwa sumu wanayoimwaga mwilini. Waligundua kwamba mnyama akidungwa sumu hiyo kidogo kidogo mpaka akaizoea, damu yake hutengeneza kitu cha kuikabili. Ukichukua maji ya damu hiyo, yaani seramu, yale ya manjano yanayobaki chembe nyekundu zikishatengwa, ukampa mnyama mwingine, naye hupata kinga. Muda mfupi baadaye kazi ikahamia kwa farasi, kwa sababu farasi ana damu nyingi na huvumilia kutolewa lita kadhaa kisha akarudi malishoni. Kufikia 1894 seramu ya dondakoo ilikuwa ikiuzwa Ujerumani, na mwaka 1901 Behring alipewa Tuzo ya Nobel ya tiba, ya kwanza kabisa kutolewa. Kitasato hakupewa.

Mwaka huohuo wa tuzo, mjini St. Louis nchini Marekani, watoto 13 walikufa baada ya kudungwa seramu ya dondakoo iliyotoka kwa farasi mmoja, Jim, ambaye alikuwa ameugua pepopunda bila seramu yake kuondolewa kwenye matumizi. Dawa ya sumu moja iliwaua kwa sumu nyingine. Mwaka uliofuata Marekani ilitunga sheria ya kusimamia dawa za namna hii, na tangu hapo mamlaka za dawa duniani zimelazimika kujali kilichomo ndani ya chupa, mbali na jina lililobandikwa nje.

Hapa niseme jambo kuhusu pepopunda, kwa sababu mkanganyiko wake unafanana na wa nyoka. Mtu akikanyaga msumari pale sokoni Babati, watu humwambia akachome sindano ya pepopunda. Chini ya jina hilo kuna dawa mbili tofauti. Moja ni chanjo, ambayo ni sumu iliyolemazwa kwa fomalini kwa njia aliyoigundua Mfaransa Gaston Ramon katika miaka ya 1920. Hiyo huufundisha mwili wako kujitengenezea kinga, na huchukua majuma. Nyingine ni seramu yenyewe, kinga iliyokwisha kutengenezwa ndani ya farasi au ndani ya binadamu mwingine, ambayo hufanya kazi papo hapo na kuisha baada ya majuma machache. Aliyewahi kupata chanjo kamili huongezewa chanjo tu. Asiyewahi kuchanjwa, akaja na jeraha lililojaa samadi, anahitaji zote mbili. Mama aliyechanjwa kliniki ya wajawazito na kijana wa machungani ambaye hajawahi kuiona kliniki wataomba sindano moja kwa jina moja, ilhali mahitaji yao hayafanani.

Turudi kwa nyoka. Mwaka 1891 daktari kijana Mfaransa, Albert Calmette, alitumwa Saigon kufungua maabara. Mafuriko yalipovikumba vijiji vya Bac Liêu, fira waliokimbia maji waliingia katika makazi na kuuma watu wapatao 40, wanne wakafa. Calmette akaletewa nyoka hai, akaanza kujaribu kwa sumu ya fira kile ambacho Behring alikifanya kwa dondakoo. Tarehe 10 Februari 1894 alitangaza matokeo mjini Paris, na katika kikao hichohicho wanasayansi wengine wawili, Césaire Phisalix na Gabriel Bertrand, nao wakatangaza yao kuhusu sumu ya nyoka wa Ulaya. Wao wamesahaulika. Calmette alikuwa na taasisi nyuma yake, na akiwa Lille alianza kutumia farasi na kuuza seramu yake ng'ambo. Huyu ndiye Calmette ambaye jina lake limo katika chanjo ya BCG, ile ya kifua kikuu inayoacha kovu mkononi mwa karibu kila Mtanzania. Tunatembea na kumbukumbu yake kwenye ngozi bila kumjua.

Calmette alikosea jambo moja kubwa. Aliamini seramu yake ya fira ingetibu sumu ya nyoka yeyote, wa bara lolote, akaisambaza kwa imani hiyo. Aliyemsahihisha kwa ushahidi mzito alikuwa Mbrazili, Vital Brazil, daktari aliyekuwa akiona wafanyakazi wa mashamba ya kahawa wakifa ingawa seramu kutoka Ufaransa ilikuwapo. Alionyesha kwamba seramu iliyotokana na nyoka mmoja haimsaidii aliyeumwa na nyoka wa jamii nyingine: kila sumu hutaka kinga yake. Mwaka 1901 akawa kiongozi wa Taasisi ya Butantan mjini São Paulo, ikatengeneza seramu za nyoka wa Brazil kwa ajili ya Wabrazili. Tangu siku hiyo hakuna aliyeweza kudai kwa haki kwamba ipo dawa ya nyoka wote. Kuna dawa ya nyoka fulani, au ya nyoka kadhaa waliotajwa. Ya mmoja huitwa monovalenti, ya wengi polivalenti, na maneno hayo mawili ndiyo ya kwanza kutafutwa kwenye boksi.

Afrika yetu ilipata kiwanda chake kusini. Taasisi ya utafiti wa tiba ya Johannesburg ilianzishwa mwaka 1912, serikali na wenye migodi ya dhahabu wakichangia, kwa sababu wachimbaji walikuwa wakifa kwa nimonia na uzalishaji ukiathirika. Mwaka 1928 taasisi hiyo ilianza kutengeneza seramu ya nyoka. Orodha ya kwanza ilikuwa na nyoka wawili: fira wa Cape, ambaye makazi yake ni kusini mwa bara, na kifutu. Wengine waliongezwa polepole kwa miongo kadhaa, koboko akiwa miongoni mwa waliochelewa. Leo kichupa cha mililita 10 kinachotoka Johannesburg kinataja nyoka kumi.

Kisome kichupa hicho ukiwa Babati. Kifutu yumo, na huyo tunaye kila mahali, amelala kwenye njia ya ng'ombe na rangi yake ni ya majani makavu. Koboko yumo, na huyo pia tunaye. Lakini yumo fira wa Cape, na yumo ringhals, ambao hawajawahi kutambaa mkoani kwetu Manyara. Yumo swila wa Msumbiji, mtema mate. Swila mtema mate wa kwetu, yule mwenye shingo nyeusi anayeingia ndani kufuata panya wa mahindi, hayumo. Sumu ya ndugu hao wawili inafanana kwa kiasi, kwa hiyo dawa ya mmoja humsaidia aliyegongwa na mwingine, ila kwa kiasi vilevile. Naye nyoka wa mtini anayeitwa boomslang, aliyemuua mtaalamu wa nyoka Karl Schmidt mjini Chicago mwaka 1957, hayumo kabisa. Ana kichupa chake peke yake, na hicho hutengenezwa kwa kiasi kidogo hukohuko Johannesburg. Kwa hiyo mgonjwa anaweza kuwekewa vichupa kumi vya sindano ya nyoka na asipone, kwa sababu tu nyoka wake alikuwa wa mtini.

Kwa nini kiwanda kilisimama kusini? Fedha za dhahabu ni sehemu kubwa ya jibu. Lakini kumbuka pia farasi. Mwezi Aprili 1916, wakati wa Vita Kuu ya Kwanza, wapanda farasi wa Afrika Kusini chini ya Jenerali Jaap van Deventer walipita hapahapa kuwafukuza Wajerumani. Waliitwaa Ufiome, chini ya mlima ambao leo tunauita Kwaraa, wakasonga hadi Kondoa Irangi. Mvua, ndorobo na ugonjwa wa farasi viliwaangusha wanyama wao njiani, na wengi wa waliofika Kondoa walifika kwa miguu. Farasi ndiye kiwanda cha dawa hii, na ukanda huu haukuwa wa kufugia farasi.

Si kwamba Manyara ilikuwa ngeni katika elimu ya sumu. Wahadzabe wa bonde la Yaeda, upande wa Mbulu, wana mishale yenye sumu inayosimamisha moyo, wanayoipata kwa kuchemsha utomvu wa mdagu na mbegu za mmea wa jamii ya Strophanthus. Sumu hizo ni ndugu wa digoxin, dawa ya moyo inayotokana na ua la Ulaya. Na digoxin ikizidi mwilini, ipo kinga iliyotengenezwa kwa kumdunga kondoo kwa njia ileile ya Behring. Iliruhusiwa Marekani mwaka 1986 kwa jina la Digibind. Wenye sumu walikuwa Yaeda, wenye kondoo na maabara walikuwa kwingine.

Kwa upande wa nyoka, Tanganyika ilijulikana kama mahali pa kuchota malighafi. C.J.P. Ionides, Mwingereza mwenye asili ya Kigiriki, mlinzi wa wanyamapori aliyeishi Liwale na kuitwa Bwana Nyoka, alikamata maelfu ya nyoka kusini mwa nchi, koboko, hongo na kifutu wa Gabon, akawasafirisha wakiwa hai kwenye bustani za wanyama na maabara za Ulaya na Marekani. Alifariki mwaka 1968 na kuzikwa ndani ya Selous. Kenya ilikuwa na Jonathan Leakey, mtoto wa watafiti wa mabaki ya kale Louis na Mary Leakey, aliyeokota taya maarufu la Homo habilis pale Oldupai Novemba 1960, kisha akaachana na mifupa na kwenda Baringo kufuga nyoka na kuuza sumu kwa watengenezaji wa seramu. Na kuna James Ashe, aliyekuwa msimamizi wa nyoka kwenye makumbusho ya Nairobi, ambaye mwaka 1980 alianzisha Bio-Ken pale Watamu. Swila mkubwa kuliko wote wa kutema mate, anayepatikana pwani ya Kenya na nyanda kavu za jirani, alipotambuliwa rasmi mwaka 2007 kuwa spishi ya peke yake, aliitwa Naja ashei kwa heshima yake.

Watu hao nawaheshimu, kazi yao ilikuwa ya hatari na waliifanya kwa mikono yao. Lakini angalia njia ya biashara. Sumu ilitoka huku ikiwa unga mkavu ndani ya chupa ndogo, ikaenda kwa farasi wa nchi nyingine, ikarudi ikiwa dawa ya bei kubwa. Kama bei ilishinda mifuko ya hospitali za hapa, haikurudi.

Mfano mkubwa ni dawa ya Kifaransa iliyoitwa FAV-Afrique. Hii nayo ilikuwa ya nyoka kumi, na orodha yake ilikaribia zaidi nyoka wetu: kifutu alikuwamo, koboko alikuwamo, swila mwenye shingo nyeusi alikuwamo kwa jina lake. Kampuni ya Sanofi iliacha kuitengeneza mwaka 2014. Haikuwa na faida. Wanunuzi wake walikuwa wakulima na wafugaji wasio na bima, na serikali zenye mahitaji mengine elfu. Septemba 2015 Madaktari Wasio na Mipaka walipiga kelele kwamba shehena ya mwisho ingeisha muda wake Juni 2016 na hakuna mbadala uliokuwa tayari. Muda ulifika, ikaisha.

Pengo likajazwa na dawa za bei nafuu, nyingi zikitoka India. India ina viwanda vikubwa na ina nyoka wake wakubwa wanne, ambao dawa zake za awali ziliwalenga. Baadhi ya viwanda hivyo hutengeneza dawa kwa sumu ya nyoka wa Afrika, na hizo zinafaa kupimwa kwa haki. Tatizo ni pale dawa ya nyoka wa India inapofika Afrika ikiwa na picha ya nyoka kwenye boksi na maneno makubwa yasiyotaja bara. Ghana ililipia somo hilo mwaka 2004. Katika eneo moja la vijijini, dawa iliyokuwa ikitumika ilibadilishwa na nyingine iliyotokana na nyoka wa India, na vifo vya waliogongwa vikapanda kutoka asilimia 1.8 hadi 12.1. Nesi wa Ghana hakufanya kosa lolote kwa mikono yake. Alifungua boksi lililoandikwa dawa ya nyoka, akampa mtu aliyegongwa na nyoka.

Ndiyo maana nasema karatasi ile isitupwe. Mfamasia anayeagiza, na mgavi anayepokea mzigo, wanahitaji kusoma majina ya Kilatini yaliyomo. Bitis arietans ni kifutu. Dendroaspis polylepis ni koboko. Naja nigricollis ni swila wetu mwenye shingo nyeusi. Boksi lisilo na jina hata moja kati ya hayo lina thamani ndogo sana Babati, liwe limetoka wapi na liwe la bei gani.

Mambo mengine ya matumizi yake huwashangaza ndugu wa wagonjwa, na kila mara hulazimu kuelezwa upya. Kichupa kimoja hakitoshi. Kwa dawa ya Johannesburg, kifutu akiuma sawasawa huweza kuhitaji vichupa vitano hadi kumi, na koboko akataka zaidi ya hapo. Mtoto hapunguziwi dozi kama ilivyo kwa dawa nyingine, kwa sababu nyoka hakumpunguzia sumu: kiasi kilichoingia ni kilekile, mwili ndio mdogo. Dawa hupitishwa kwenye mshipa kwa dripu, haidungwi kwenye jeraha. Na kwa kuwa imetoka kwa farasi, mwili wa binadamu unaweza kuikataa kwa ghafla, presha ikashuka na koo likaziba. Adrenalini hutakiwa iwe imevutwa kwenye bomba la sindano kabla tone la kwanza halijashuka. Hospitali isiyo na adrenalini na mtu wa kumwangalia mgonjwa haipaswi kuanza.

Si kila aliyegongwa huhitaji dawa hii pia. Kifutu wakati mwingine huuma bila kumwaga sumu, na nyoka wengi wasio na madhara huuma watu. Aliyetemewa mate machoni na swila huoshwa kwa maji mengi, na seramu haimhusu. Kipimo cha kuamua kama damu imeharibika ni rahisi kuliko watu wanavyodhani: mililita chache za damu kwenye chupa safi ya kioo, kavu, isiyotikiswa, dakika 20. Ikibaki maji baada ya muda huo, sumu imevuruga mgando. Hakuna mashine, hakuna umeme, zahanati yoyote inaweza. Kinachohitajika ni chupa iwe ya kioo, maana ya plastiki hudanganya.

Umeme ni habari nyingine. Dawa ya Johannesburg ni ya maji, hutaka jokofu la nyuzi joto 2 hadi 8. Kabla ya gridi kufika, hospitali za vijijini ziliweka chanjo kwenye majokofu ya mafuta ya taa, na Haydom, iliyofunguliwa na Walutheri wa Norway mwaka 1955 mbali kabisa na njia kuu, ni mfano wa mahali ambapo kila kilichohitaji baridi kilikuwa kazi ya kila siku. Dawa za unga, ambazo hufutwa kwa maji ya sindano zinapohitajika, huvumilia joto la kawaida, na kwa zahanati ya Magugu au Kiru hiyo ni sifa kubwa kuliko jina la kampuni. Afrika Kusini yenyewe ilikumbwa na uhaba wa seramu yake mwaka 2023, kukatika kwa umeme kukitajwa miongoni mwa sababu. Kama wenye kiwanda walikosa, wanunuzi wa mbali hawakuwa na la kusema.

Katika pengo hilo wamesimama watu wasiotarajiwa. Kwenye barabara ileile ya kutoka Babati kwenda Arusha, kilomita 25 hivi kabla ya kuingia mjini, ipo Meserani Snake Park, bustani ya nyoka iliyoanzishwa na familia kutoka Afrika Kusini katika miaka ya 1990. Watalii hulipa kiingilio na kununua vinywaji, na sehemu ya fedha hizo imekuwa ikiendesha kliniki inayowatibu waliogongwa na nyoka bila malipo, wengi wao Wamasai wa vijiji vya jirani. Ni jambo jema. Ni ajabu pia, kwamba mfugaji apone kwa sababu kijana wa Ulaya alikata kiu barani Afrika. Kutoka Babati hadi hapo ni zaidi ya kilomita 130, na sumu ya koboko haina subira ya mwendo huo.

Njiani ndipo mambo mengine huharibika. Mguu hufungwa kamba ya katani mpaka ukawa mweusi, jeraha huchanjwa kwa wembe, jiwe la nyoka hubandikwa juu. Madaktari vijana husema hizo ni imani za kijijini. Sikubaliani nao kabisa. Kufunga na kuchanja kulikuwa ndani ya vitabu vya huduma ya kwanza vya wakoloni. Sanduku dogo la FitzSimons, la mtu aliyeanzisha bustani ya nyoka ya Port Elizabeth, lilibebwa na wawindaji na maofisa likiwa na kifaa cha kukatia na dawa ya kupaka kwenye mkato. Jiwe la nyoka, ambalo ni mfupa wa ng'ombe uliochomwa, lilisambazwa pia na wamisionari. Wenye vitabu walibadilisha vitabu. Mzee wa Kibarabaig au Kigorowa aliyefundishwa na mwajiri wake mwaka 1950 hakuletewa toleo jipya. Toleo jipya ni fupi: mguu usitikiswe, ufungwe kwenye ubao kama uliovunjika, pete na bangili zivuliwe kabla ya uvimbe, nyoka apigwe picha kwa simu kutoka mbali kama inawezekana na asifukuzwe, safari ianze.

Shirika la Afya Duniani liliiweka sumu ya nyoka kwenye kundi la magonjwa yasiyopewa kipaumbele mwaka 2017. Kwa makadirio yake, watu kati ya 81,000 na 138,000 hufa kila mwaka duniani kwa kuumwa na nyoka. Mwaka 2019 likatoa mkakati wa kupunguza vifo na ulemavu kwa nusu ifikapo 2030. Nairobi, katika taasisi ya utafiti ya Karen, Wakenya wakishirikiana na chuo cha tiba ya kitropiki cha Liverpool wanachunguza sumu za nyoka wa Afrika Mashariki na kupima ni dawa zipi za sokoni zinazozikabili kweli. Hiyo ndiyo kazi iliyopaswa kufanywa na wanunuzi tangu zamani.

Mwaka 2025 watafiti wa Denmark walitangaza kitu ambacho Behring asingekitambua. Walimdunga alpaka mmoja na lama mmoja sumu za nyoka 18 wa Afrika wa jamii ya fira na koboko, wakachagua vipande vinane vidogo vya kinga kutoka kwa wanyama hao, na sasa vipande hivyo vinaweza kuzalishwa kwenye maabara bila kumtoa tena mnyama damu. Kwa panya, mchanganyiko huo ulikinga dhidi ya nyoka 17 kati ya 18. Bado haujafika kwa binadamu. Orodha yake nimeisoma kama ninavyosoma ile ya Johannesburg. Koboko yumo, na swila wetu mwenye shingo nyeusi yumo kwa jina lake, baada ya FAV-Afrique kutoweka. Kifutu ni wa jamii nyingine, na hayumo, kwa hiyo wagavi wa Manyara wataendelea kununua kichupa cha farasi kwa ajili yake.